Neno Lililokwamisha Pamba ya Dutwa

Hebu mwone Nyanjige anavyoingia Bariadi asubuhi hiyo ya mwaka 1996: baiskeli anaikokota, vumbi la Dutwa limempanda hadi magotini, na haraka hana. Miaka kumi na minane alipanga pamba ya chama cha ushirika, safi huku, fifi ya daraja la pili kule, mpaka soko lilipofunguliwa na kampuni za watu binafsi zikatokea kama kumbikumbi. Leo moja imemwita.

Mezani kwa Constantine, karani wa kampuni, palikuwa na barua ya mnunuzi wa Uingereza.

"Mwangaluka, mayu," Constantine alimwamkia kwa Kisukuma, kama mtu anavyomwamkia mama yake. "Pamba yenu ya mwaka jana imekataliwa. Anasema si gossypine yote. Kamusi yangu haina neno hilo. Meneja anadhani ni ugonjwa, kwa hiyo Dutwa hatununui tena."

Dutwa nzima ilikuwa na pamba ndani, na msimu ndio kwanza umeanza. Lakini uso wa Nyanjige ulitulia.

"Ugonjwa gani huo, mwanangu, ambao kosa letu ni kutokuwa nao?"

Constantine akaisoma barua upya, midomo ikichezacheza.

"Gossypium ni pamba kwa Kilatini, tangu enzi za Warumi," Nyanjige aliendelea. "Nimelisoma miaka yote kwenye bango la bwana shamba ghalani. Na huo mkia wa mwisho, -ine, unauona kwenye chupa za dawa za mifugo: bovine, yaani ya ng'ombe. Basi gossypine ni ya pamba, yenye hali ya pamba. Mzungu anasema ndani ya pamba yetu kuna kitu kisicho pamba. Lete sampuli."

Akachambua, akatoa nyuzi nyembamba nyeupe, akawasha kiberiti. Pamba iliungua ikawa majivu laini. Nyuzi zilijikunja, zikayeyuka, zikaacha tone gumu jeusi.

"Nyuzi hizi ni za salfeti, vile viroba vya plastiki. Zamani tulibebea pamba kwenye shuka. Viroba tumeletewa."

"Na nani?"

"Na ninyi."

Constantine akatazama mlango wa meneja. "Hilo nikaliseme mimi, mayu?"

"Twende wote. Wewe shika kiberiti."

Meneja aliligeuzageuza lile tone, akakubali: Dutwa iuze, ila kwa shuka, na Nyanjige awe mkaguzi wake. Kisha akasukuma mbele ya Nyanjige barua ya kumjibu mnunuzi, aitie sahihi kama mkaguzi. Ilisema wakulima wazembe wameshaonywa. Kuhusu viroba, kimya.

Kalamu anayo mkononi. Wewe ungetia sahihi?