Koili ya Mwisho ya Mke Wangu

Mke wangu alikuwa fundi wa kusuka mota. Waya wa shaba, mwembamba kama unywele, aliuzungusha kwa mkono mpaka ukawa koili, huku midomo yake ikihesabu mizunguko. Akihesabu hasemeshwi. Siku moja nilimuuliza chumvi iko wapi, naye yuko elfu tatu na kitu. Akafumua yote. Siku mbili hatukuongea.

Kisha akaja Bwana Vipimo. Kazi yake ni kupima jinsi sumaku ya ardhi inavyobadilika, akataka asukiwe koili za mizunguko elfu kumi. Akamwita mke wangu "dada". Dada gani, hawakunyonya ziwa moja. Nikiingia karakana mimi, mke wangu anahesabu. Akiwepo Bwana Vipimo, kicheko nakisikia tangu barabarani. Miaka sita nilimeza.

Mke wangu amefariki. Koili yake ya mwisho ilibaki chini ya kitanda. Bwana Vipimo akaja kuitaka.

"Imekufa," nikamwambia. "Nimeijaribu."

Sikumdanganya. Niliifunga kwenye mita ya mshale aliyoiacha marehemu, nikaweka sumaku juu ya koili, nikakaa. Mshale haukutikisika. Nikasema, hata kitu cha mkono wake kinanikataa.

"Mzee, sumaku uliiweka au uliipitisha?"

"Niliiweka. Nikangoja."

"Ungengoja mpaka kiama. Sumaku iliyotulia koili haiisikii, hata iwe kubwa kama nyumba hii. Inasikia ikisogea, ikizidi, ikipungua. Hebu ipitishe."

Nikaipitisha. Mshale ukaruka. Nikaiondoa, ukaruka upande wa pili. Nikienda taratibu unajikongoja. Nikienda haraka unagonga ukingo.

Bwana Vipimo akatabasamu. "Dada alikuwa akisema, 'Mume wangu naye ni hivi hivi. Akiingia najua, hata sijageuka. Akishakaa, nasahau kama yupo.'"

"Alisema akicheka?"

"Akicheka."

Kumbe kicheko kile kilikuwa changu, na aliyekifaidi ni yeye.

Nikamwambia aje kesho. Alipoondoka nilipitisha ile sumaku mpaka bega likauma.

Kesho yake akaja. Koili nilikuwa nimeshaifunga kwenye kitambaa cha kichwa cha marehemu, lakini sikuiachia.

"Na wewe ulipokuwa ukiingia," nikamuuliza, "alijua ni wewe hata hajageuka?"

Akafikiri. "Mimi? Nilikuwa nikibisha hodi mara tatu, mara nne. Halafu nasimama mlangoni mpaka amalize elfu."

Nikampa koili. Kitambaa nikakifungua kwanza, nikabaki nacho.