Nyara ya Serikali Ndani ya Tenga

Ndege alianguka kwenye matembele yangu asubuhi, nikiwa nafua. Nilidhani ni kuku wa jirani karuka uzio. Nilipokaribia nikamkuta kalala ubavu, mabawa yamepanuka, makucha kayakunja kama ngumi, udenda unamtoka mdomoni. Mgongo mweusi, kifua cheupe, mkia mwekundu kama chungu kilichotoka motoni. Sisi watu wa Bigwa tunawaita wote mwewe, lakini huyu hakuwa yule mwenye mkia wa panda anayenyakua vifaranga. Huyu ni yule mkubwa anayezunguka juu ya mashamba ya mlimani akitafuta panya. Walikuwa wawili, dume na jike, na tangu nihamie hapa nimezoea kuwaona wakipita pamoja juu ya paa langu.

Nilijua kilichompata. Siku chache kabla, jirani yangu, baba mmoja aliyestaafu kiwandani, alinionyesha vifaranga waliokufa kwa ugonjwa wa mdondo. Alikuwa amejifunga mifuko ya plastiki mikononi, anawapaka sumu ya kunyunyizia mboga.

"Mama, hii zawadi ya mwewe," akasema, anacheka.

Nikamwambia sheria inakataza, na kwamba sumu haichagui wa kumuua. Akacheka zaidi.

"Sheria ya mwewe! Na vifaranga wangu wana sheria gani?"

Basi nikamfunika yule ndege kwa kanga, nikamtia kwenye tenga la kuku, nikapanda bodaboda hadi mjini, kwenye ofisi inayoshughulika na wanyamapori. Njia nzima nilimsikia akitetemeka, kucha zinakwaruza fito za tenga.

Kijana wa ofisini aliniamkia vizuri. "Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Nimeleta mgonjwa. Kala sumu."

Akafunua kanga, akarudi nyuma hatua moja. "Mama, kibali chako kiko wapi?"

"Kibali cha nini?"

"Cha kuwa na huyu. Huyu ni mnyamapori, mali ya serikali. Huwezi kumbeba barabarani kama kuku."

"Ndiyo maana nimemleta kwa mwenyewe. Mpeni dawa."

Dawa hawakuwa nayo. Daktari hawakuwa naye. Alichokuwa nacho ni simu ya kumpigia mkubwa wake, na mkubwa wake hakupatikana. Nikaambiwa nikae kwenye benchi. Nikaomba maji nimlowanishe mdomo.

"Usimguse mama, ni kielelezo."

Kielelezo! Ukutani mbele yangu kulikuwa na bango lenye picha ya tembo, simba na faru, na maneno makubwa ya kuwatisha majangili. Nikaanza kuelewa kwamba jangili wa siku ile nilikuwa mimi, mwanamke mwenye sabuni bado mikononi. Nikakaa namtazama ndege anakufa. Alifungua jicho, akalifumba, shingo ikalegea juu ya kanga yangu. Kijana akaja, akachungulia, akanieleza kwa upole kwamba akiwa hai alikuwa mnyamapori, na sasa amekuwa nyara ya serikali, na kukutwa na kimoja au kingine bila kibali ni kosa. Upole ule ndio ulionichoma. Angenifokea ningepata pa kumshika.

"Na aliyeweka sumu?" nikamuuliza.

"Ulimwona akiweka?"

"Nilimwona akipaka."

"Swali langu ni kama ulimwona akiweka, mama."

Mume wangu alikuja mchana na mtendaji wa mtaa, kunidhamini kwamba mimi si mfanyabiashara wa nyara. Wakanipa onyo. Mimi! Ndege akabaki, na tenga langu nalo likabaki. Kuhusu jirani wakasema watafuatilia.

Hawakufuatilia. Nilisubiri gari lao, nikasubiri hata mtu wa kuja kwa miguu kumwambia yule baba neno moja. Nikarudi kwa mtendaji mara mbili, akaniambia nipunguze jazba, mambo ya ujirani yanamalizwa kwa kukaa chini. Mume wangu naye akasema, "Ndege tu, mke wangu." Siku hiyo alikula ugali wa jana.

Kisha yule wa pili akaanza kuja. Anazunguka juu ya nyumba zetu, analia, anapanda, anashuka. Nilikuwa naanika nguo. Ng'ambo ya uzio jirani akainua uso, akaweka mkono juu ya macho kuzuia jua.

"Bado mmoja huyo," akasema.

Niliacha nguo kwenye beseni. Nikapitia mlangoni kwake, nikachukua jembe lililoegemea ukutani, nikaokota na mfuko mtupu, nikaanza kuwasukumia ndani vifaranga wale wa sumu: wawili juu ya bati la banda, mmoja kwenye kisiki, mwingine chini, hatua chache kutoka walipokuwa wanacheza wajukuu zake.

"Mama, unaingia kwangu bila hodi?"

"Leo sina hodi! Tazama kifaranga huyu alipo! Tazama na watoto walipo!"

"Utanishitaki tena?"

"Kwa nani?" nikapiga kelele. "Niambie, nikushitaki kwa nani?"

Mkewe, aliyekuwa barazani anachambua mchicha, alisimama. Nilidhani ananijia mimi. Akanipita, akaingia ndani, akatoka na chupa ya ile sumu, akaitupa ndani ya mfuko wangu.

"Peleka," akasema. "Nimemwambia tangu juzi."

Nikafukia kila kitu nyuma ya shamba langu, shimo refu.

Siku hizi kwa jirani wana kizimba cha waya, mkewe ndiye aliyemwita fundi. Vifaranga wao wanakua. Yule baba haniitikii salamu, na mimi nimeacha kumsalimu. Mkewe hunipa mchicha juu ya uzio. Ofisini nilirudi kudai tenga, wakaniambia kesi haijafungwa. Nikauliza, kesi ya nani? Ndege wa pili alikuja wiki kadhaa, halafu akaacha. Huenda alihamia juu zaidi, upande wa msitu. Huenda alikutana na zawadi ya mtu mwingine. Hakuna anayejua, na wanaolipwa mshahara wa kujua hawajauliza.