Picha niliyomwibia Ma Adelina wa Nshamba, msimu wa mvua

Wakuu, habari za mihangaiko.

Mimi humu ni msomaji tu, huwa sichangii. Leo nimeona mdau anauliza kama ni busara kwenda Kagera kipindi cha mvua. Nilitaka nimjibu mstari mmoja, nikajikuta naandika uzi mzima.

Haya niliyaona kwa macho yangu. Majina tu nimebadilisha, kwa heshima ya familia.

Ilikuwa miaka ya themanini, vita vya Uganda vimeisha miaka michache nyuma. Nilikuwa kijana, nafanya kazi kwenye studio ya picha ya mjomba wangu pale Mwanza. Mjomba akanituma Muleba kupiga picha za watoto wa kipaimara, maana mpiga picha kule alikuwa wa kutafuta kwa tochi.

Mimi ni mtu wa Shinyanga. Kwetu mvua ikinyesha siku mbili mfululizo watu wanaanza kuulizana kulikoni.

Nikashuka melini Bukoba asubuhi, inanyesha. Nikapata lori la kahawa kwenda Muleba, inanyesha. Tukakunja kwenda Nshamba, inanyesha. Lakini wakuu, ile nchi ni nzuri! Kijani kila upande. Migomba imefunga mpaka huoni nyumba, unaona moshi tu unatoka katikati ya majani ndiyo unajua hapa kuna watu. Udongo mwekundu, mawe meusi yanang'aa kwa maji. Niliduwaa kama mtoto.

Nilifikia kwa katekista, Ta Revelian. Kule "Ta" ni kama kusema baba fulani, na "Ma" ni mama fulani. Mzee mpole, anaongea Kiswahili cha shule, kila neno analimaliza. Kabla hata sijakaa nikaletewa kahawa za kutafuna kwenye kikapu kidogo. (Nyie mnaowacheka Wahaya kwa nshomile, yale majivuno ya usomi, kwanza mkapokelewe kule ndipo mseme.)

Kilichonishtua ni makaburi. Wahaya wanazika kwenye kibanja, yaani shamba la migomba linalozunguka nyumba. Nilipita nyumba nyingi zenye udongo mpya pembeni. Ukimwi ndiyo ulikuwa umeingia, watu wanauita Juliana. Dawa hakuna. Na walikuwa wanakufa watu wa umri wa kulea.

Kipaimara kilipita, nikapiga picha za watoto vizuri kanisani. Flashi ikaingia maji siku ileile, ikafa. Kwenye kamera zilibaki picha nne, na filamu nyingine sina.

Ndipo Ta Revelian akanipeleka kwa shemeji yake, Ma Adelina.

Alikuwa mjane wa mdogo wake. Mume alirudi salama kutoka vitani, akawa dereva wa njia ya mpakani, akafa mwaka mmoja kabla mimi sijafika. Ma Adelina mwenyewe alikuwa ameshaanza kuumwa na anajua ni nini. Alikuwa na watoto watatu: Devota wa miaka kumi na miwili, Respicius wa saba, na Koku, ambaye alikuwa ndiyo kwanza anajifunza kutembea.

Akaniambia bila kuzunguka:

"Huyu mdogo hatanikumbuka. Nataka aonyeshwe mama yake amesimama, amevaa gomesi, jua linawaka. Usinipige nimekaa, wala usinipige na kanga ya jikoni. Umenisikia, waitu?"

Nikamwambia nimesikia. (Gomesi ni gauni refu la heshima la akina mama wa kule, na "waitu" ni kama kusema ndugu yangu.)

Tukasubiri jua. Siku ya kwanza, ya pili, ya tatu. Nilitakiwa niwe nimeshaondoka, lakini barabara ilikuwa imekatika na lori halikuja, kwa hiyo hata kukasirika ningemkasirikia nani?

Sasa oneni yule mama alivyotumia zile siku.

Asubuhi mvua ikipungua kidogo anachukua fimbo, anamchukua Devota, wanaingia migombani. Anamwonyesha ndizi ipi ya kupika, ipi ya pombe, mgomba upi ukatwe na upi uachwe uzae. Anamuuliza maswali. Devota akikosea wanarudi kwenye mgomba uleule.

Siku ya nne alimwita Ta Revelian na majirani wawili. Akawatembeza wote kwenye mpaka wa kibanja, kuanzia mmea wa kwanza wa mpaka hadi wa mwisho, na mvua inanyesha, yeye amejikinga na jani la mgomba. Kila mmea anasimama, anahema, anaushika, anasema huu ni wa watoto wangu. Wale wanaume wakawa wanaitikia mmoja mmoja. Alijua akishakufa kuna ndugu watakuja kuisogeza.

Nilikuwa nyuma yao na viatu vimejaa tope. Sijawahi kumheshimu mtu vile, na simfahamu hata wiki.

Siku ya tano mchana nilikuwa nimekaa barazani kwake. Yeye anachambua maharage kwenye ungo, Koku yuko mgongoni, mwenyewe amevaa kanga ileile ya jikoni. Devota akasema kitu kwa Kihaya. Ma Adelina akageuza shingo kumtazama, akacheka. Alicheka mpaka ungo ukayumba.

Kamera yangu ilikuwa ya macho mawili, ile unayoishika tumboni unatazama kwa juu. Haina kelele. Nikapiga.

Hakuna aliyejua. Moyo ukanienda mbio kama nimeiba kuku.

Siku ya saba jua likatoka. Akatoka na gomesi ya njano na viatu, watoto wamepakwa mafuta. Akampa shemeji yake fimbo, akasimama peke yake. Nikapiga tatu. Baada ya ile ya tatu miguu ilikuwa inamtetemeka, nikamwambia tayari, akakaa palepale chini na gomesi yake.

Kesho yake nikaondoka kwa miguu kwenda Muleba. Kwenye kalvati moja maji yalikuwa yanapita juu ya barabara. Nikateleza, nikaingia mimi na mfuko wa kamera.

Nilipofika Rwamishenye, pale Bukoba, kwenye nyumba niliyolala kusubiri meli, nikafungua mfuko. Filamu ilikuwa na unyevu.

Kwa wasiojua kamera zile: filamu inajiviringisha kadiri unavyopiga. Picha za mwanzo zinakaa ndani, za mwisho zinakaa juu. Maji yakiingia yanaanza na za mwisho.

Mjomba aliisafisha Mwanza. Watoto wa kipaimara wakatoka wote. Zile tatu za gomesi zilikuwa mawingu matupu, hata kichwa huoni. Ile niliyoiba ikatoka safi, ina doa la maji pembeni tu.

Nikamweleza mjomba kila kitu. Nilitegemea aseme tuitume kwa posta yaishe. Hakusema hivyo. Alinipa filamu nzima mpya, akaniambia, "Nenda ukaombe msamaha, siyo ukajitetee."

Nikarudi Nshamba wiki tatu baadaye, mvua bado ipo. Nilimkuta Ma Adelina kitandani karibu na dirisha. Kusimama kulikuwa kumekwisha.

Nikamwambia zile tatu zimeharibika kwa uzembe wangu. Kisha nikamwambia nilimpiga nyingine bila ruhusa. Nikampa.

Aliitazama muda mrefu. Mimi natazama sakafu.

"Nilikukataza," akasema.

Nikasema ndiyo, ulinikataza, nisamehe.

Akamwita Devota, akampa ile picha. Devota akaangalia, akafunika mdomo. Akasema kwa Kiswahili, nadhani ili na mimi nielewe: "Hapa ulikuwa unanicheka nilivyosema jogoo wetu anaimba kama padri."

Ma Adelina akakumbuka. Akaanza kucheka kitandani pale, taratibu, mpaka kikohozi kikamshika. Alipotulia akaiomba tena picha. Akasema, "Basi. Huyu ndiye mama yao."

Nikamwambia nina filamu mpya, picha kumi na mbili, naweza kumpiga dirishani hapo na wanawe.

Akakataa. "Mimi ninayo," akasema. "Hizo kawapige wenzangu." Akaanza kutaja majina kwa vidole. Akina mama waliokuwa wanaumwa kama yeye, mmoja mmoja, na nyumba zao. Ta Revelian anaandika.

Tulizunguka siku mbili kwenye mvua, mimi na yule mzee na mwavuli mmoja. Akina mama kumi na wawili, kila mmoja picha moja na watoto wake. Hakuna aliyetaka kusubiri jua, maana Ma Adelina alikuwa ameshawatumia salamu wasisubiri. Wengine walikaa barazani. Mmoja tulimfungulia dirisha akiwa amelala, mwanawe akapanda kitandani akamlalia kifuani. Hakuna hata moja iliyoharibika. Niliibeba filamu kifuani, ndani ya shati, mpaka Mwanza.

Ma Adelina alifariki kabla kahawa haijaisha kuvunwa. Ta Revelian aliniandikia barua. Alisema ndugu walikuja kuulizia kibanja, wale majirani wawili wakawatembeza mpaka wote, wakaondoka. Alisema pia Koku akiona mgeni anamshika mkono, anampeleka ukutani kumwonyesha mama yake.

Nilichojifunza, wakuu: nimepiga harusi nyingi sana baada ya pale, watu wamesimama wima, wamekunja uso. Ukimuuliza mtoto miaka ishirini baadaye picha gani ya mama yake anaipenda, atakuonyesha ile aliyopigwa akiwa anafanya kazi zake.

Mwenye mama hai, kampige picha leo akiwa anachambua mboga. Ila mwombe kwanza, usinifuate mimi kwa hilo.

Na nyie mliokulia Kagera miaka ile, ukutani kwenu kuna picha gani ya mzazi, na ilipigwaje? Tiririkeni hapo chini, nitasoma zote.