Sabuni Chini ya Rangi

Mtaani walimwita Brashi, na ungemwita kwa jina la kwenye kitambulisho angegeuka kutazama ni nani aliye nyuma yake. Kazi yake ilikuwa kuandika: mbao za maduka, kuta za shule na, zaidi ya yote, mabasi. Kwa miaka ishirini na miwili maandishi yake yalisomwa na watu wengi kuliko ya wasomi, ingawa kwa mwendo wa kasi. Alikuwa na kasoro moja, tahajia, na dawa yake ilikuwa mkewe, mwalimu wa darasa la tatu, aliyezungushia makosa kwa kalamu nyekundu kabla brashi haijagusa rangi.

Asubuhi moja ya mwezi wa nne mkewe alikuwa amesimama kituoni na wenzake. Basi likaacha barabara, likawafuata hukohuko. Walikufa watu tisa. Basi liliumia taa moja.

Mwenye basi, tajiri wa mabasi kumi na moja, hakuja kuzika. Alileta wakili. Wakili akaieleza mahakama, kwa huzuni iliyopigwa pasi, kwamba mteja wake angependa mno kuzilipa familia fidia, ila basi lile alikwisha kuliuza mwezi wa pili. Mnunuzi? Ameondoka. Basi? Ameondoka nalo. Familia tisa zikabaki zinamdai mtu asiye na anwani, simu wala, ukichunguza vizuri, mama aliyemzaa.

Siku tatu kabla ya kikao cha mwisho, simu ya Brashi ikalia.

"Brashi, kuna kazi ya haraka. Basi zima, rangi mpya, jina jipya. Njoo karakana ya nyuma ya kiwanda cha mbao. Na mdomo ufunge."

Alikuwa ni yule tajiri. Mtu huyu hakuwa akimdhihaki. Dhihaka inahitaji kujua. Orodha ya marehemu ilibandikwa ukutani mahakamani miezi mitano mizima, karatasi moja tu, na tajiri hakuwahi kuisoma. Alimpigia Brashi kwa sababu ileile ya siku zote: bei yake ni nafuu na hachelewi.

"Nakuja, bosi," akasema.

Basi lilikuwa chini ya mabati, na taa mpya. Ubavuni, kwa herufi za manjano alizozichora mwenyewe, liliandikwa TUTAFIKA. Brashi akafungua mlango wa dereva, akapiga magoti, akachungulia chini ya fremu. Aliyemfundisha kazi alimwambia kwamba fundi asiyeweka alama yake ni mwizi tu mwenye brashi, na tangu hapo hakuna kazi aliyoiacha bila mstari mdogo wa maandishi mahali pa siri. Ulikuwepo: tarehe kumi na tisa mwezi wa tatu, jina la tajiri aliyeagiza, na lake. Basi lilipakwa rangi kwa amri ya mtu aliyekwisha kuliuza.

Jioni mama mkwe wake alimkuta uani akikwangua miche ya sabuni ndani ya ndoo.

"Nasikia umechukua kazi kwa yule."

"Nimechukua, mama."

"Aliyemuua mwanangu, wewe unampakia rangi?"

"Kwanza nampakia sabuni."

Mama mkwe akaitazama ndoo. Alikuwa amefua nguo za watu maisha yake yote; hakuhitaji maelezo. Akavuta kigoda, akaokota mche.

"Weka nyingi," akasema.

Basi husuguliwa kwa msasa, kisha hupigwa rangi ya mafuta. Brashi alilipaka sabuni nzito, akaiacha ikauke, juu yake akapaka rangi ya maji ya ukutani, ya buluu. Tajiri alikuja, akalizunguka, akachekelea. "Limepotea kabisa!"

"Kazi ni kazi, bosi."

Siku mbili zilizobaki Brashi aliyachukia mawingu yote, hata madogo.

Kikaoni alisimama akataja karakana, na hakimu akatuma polisi wakalete basi. Tajiri akageuka.

"Brashi? Unafanya nini hapa?"

"Nimefiwa, bosi."

"Pole. Tangu lini?"

"Tangu basi lako."

Uani mwa mahakama wakili akapaza sauti: "Mheshimiwa, hili ni basi jingine. Rangi nyingine, namba nyingine, jina jingine!"

Mama mkwe alikuwa tayari na ndoo ya maji. Brashi angeweza kuimwaga yote mara moja. Badala yake alichovya kitambaa, akaanza na herufi ya mwisho ya jina la zamani, ili wenye haraka wateseke. A. Kisha K. Kisha I. Povu la buluu likateremka hadi kwenye viatu vya tajiri, na viatu havikuwa na pa kwenda. Jina lilipotimia, hakimu alipiga magoti na joho lake mlangoni mwa dereva, akaisoma tarehe kwa sauti.

Akaamuru familia zote zilipwe fidia, na mabasi mengine kumi yazuiwe mpaka wawakilishi wa familia zote tisa wasaini kuwa wameridhika. Saa nane mchana wanane walikuwa wamesaini. Tajiri akamvuta Brashi kando.

"Ndugu yangu, sema. Nikuongezee ngapi?"

"Ile orodha ukutani. Isome. Kwa sauti."

Wakaingia ukumbini. Tajiri akavaa miwani, akasoma wa kwanza, wa pili, akaongeza mwendo. Kwenye jina la saba, la mkewe Brashi, alinung'unika tu, akapita.

"Wa saba umemeza herufi," Brashi akasema. "Rudia."

Akarudia.

"Bado."

Akarudia, jasho likimtiririka. Ile sauti laini ya kubembeleza ilikuwa imekwisha. Brashi akatoa kalamu nyekundu ya mkewe mfukoni, akaifungua kifuniko, akaiweka juu ya karatasi ya makubaliano. Hakusaini.

"Sasa anza tena," akasema. "Tangu wa kwanza."