Mlamba Vitasa

Hivi wewe, ukiambiwa kuna mwanamume mzima na ndevu zake, kazi yake kulamba vitasa vya milango ya watu, utakula chakula chako ukimalize? Mie sikumaliza. Nilikuwa nakula kisamvu, tena cha nazi, nikasukuma sahani kule.

Hapo nipo Kibaha kwa binti yangu, nyuma ya kituo cha Kwa Mathias. Nilitoka kwangu Maneromango kwa jambo moja tu. Mjukuu wangu, mtoto wa huyo binti yangu, alikuwa anakwenda kuanza kidato cha kwanza, shule ya bweni, mbali huko. Na kwetu mtoto hatoki hivihivi. Bibi anamsomea Alhamdu mara tatu, halafu anamtemea mate utosini, kidogo tu, ya kunyunyiza. Mie nilitemewa na bibi yangu siku naolewa. Mama yake huyu mtoto nilimtemea, kaka zake nimewatemea, mmoja anaendesha malori na mpaka leo hajapinduka. Mtoto asipotemewa mie namwona kama ametoka uchi.

Nikamkuta amelala kifudifudi na kitabu cha katuni.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba. Unasoma nini hicho?"

"Katuni. Njoo nikusomee."

Shule mie niliishia la pili. Herufi nazijua kama watu wa kukutana nao msibani, sura naikumbuka, jina limenipotea. Ila picha nazisoma vizuri kuliko yeye. Basi nikasogea na sahani yangu.

Kumbe mle ndani kuna shujaa, anaruka juu ya maghorofa, kifua hiki hapa. Huyo sina neno naye. Ana maadui zake wakubwa wenye maroketi, na wao sina neno nao. Huyu ninayemsema wala si mkubwa. Anatokea kurasa tatu, anapigwa, anatupwa jalalani, wewe unashukuru, ukigeuza geuza huyu hapa tena. Jina analo, lakini mie silitaji, nina mdomo wa kulia chakula. Ulimi wake mrefu kama mkanda wa suruali, una vinyoyanyoya kama utumbo wa ng'ombe ambao haujaparwa. Analamba kitasa, anajua nani kapita na kala nini. Analamba kiti cha basi. Kuna mahali kaingia hospitali, analamba kandambili za wagonjwa, moja moja, anafumba macho kama analamba asali.

Na mate yake ndiyo silaha. Yanavutika kama ulimbo wa fenesi. Ukitemewa huna chako tena, unamfuata kama mbuzi wa kamba.

"Sasa anapata faida gani?" nikauliza.

"Anataka kutawala jiji, bibi."

"Kwa kulamba?"

"Ndo uwezo wake. Kila mtu mle ana uwezo wake."

"Huyo hakupewa uwezo. Kapewa ugonjwa."

Mtoto akacheka mpaka akapaliwa. Mie namwambia, haya funua, tumwone anafanya uchafu gani tena.

Nisingesema afunue. Ukurasa ule yule mtu kapanda kwenye tangi la maji la jiji zima, kafunua kifuniko, katema. Na aliyechora hana haya, kauchora ule uzi wa mate unashuka, unashuka, haukatiki. Ukurasa wa pili mama anakinga maji bombani anampa mwanawe. Nikatoka uani nikasimama kwenye hewa.

Baada ya alasiri nikamwita mjukuu wangu, njoo nikusomee, kesho unaondoka. Akaja, akakaa kwenye mkeka kwa adabu. Nikasoma. Nilipokusanya mate mdomoni, akajifunika kichwa kwa mikono miwili.

"Bibi, soma tu. Usinitemee."

Nikameza. "Kwa ajili ya yule mchafu wa kitabuni?"

"Hapana. Toka zamani naona kinyaa. Nilikuwa naogopa kukwambia."

Mama yake kule jikoni kasikia. "Mama, mwache. Si umeshasoma?"

"Nimesoma nusu."

"Kwani Mungu anataka mate?"

Nikakaa barazani, chai wakaniletea, ikapoa. Mtoto atakwenda kulala na watu asiowajua, utosi mkavu, na mie ndiye niliyepanda gari kuja kumkinga.

Asubuhi sanduku lake la bati liko mlangoni, godoro limefungwa kamba, na juu ya godoro chupa yake ya maji ya njiani. Watu wote wako ndani. Nikaichukua, nikafungua. Nikaisomea mara tatu, taratibu, sikukosea hata neno. Nikakusanya mate. Atakunywa, nikasema moyoni, hatajua, na atakuwa amekingwa.

Hapo hapo, mate yako mdomoni, nikamwona yule mlamba kandambili juu ya tangi. Kashika kifuniko. Na mie nimeshika kifuniko. Mwili ulinisisimka kwa kinyaa, na safari hii najionea kinyaa mwenyewe. Nikaenda kutema kwenye mgomba, nikasukutua mara mbili.

Kugeuka, mjukuu wangu kasimama na sare yake mpya, anaitazama chupa iliyo wazi.

"Bibi."

"Sijatema."

"Ulitaka kutema?"

"Nilitaka. Nikamkumbuka yule bwana wa tangi."

Akaiinua chupa juani, akaichungulia. Akanichungulia na mie.

"Wallahi?"

"Wallahi. Kaangalie mgomba."

Akaangua kicheko, halafu akanywa, mafunda matatu, huku ananitazama. Akainama. "Nipulizie basi. Kavu kavu."

Nikampulizia kavu, kama mtu anayepuliza uji wa moto. Bajaji ikapiga honi nje. Nikamwambia ukweli, mwanangu, moyo wangu haujatua. Akanishika mikono yote miwili.

"Tukifunga shule sianzii hapa. Nakuja moja kwa moja Maneromango, napiga magoti mwenyewe, unitemee. Mara moja tu, bibi, na uwe umepiga mswaki."