Kufuli la Joubert Park na Roboti Iliyokufa

Niliondoka Mbeya kwa sababu ya kimya. Dada yangu Yusta hunitumia ujumbe wa sauti kila Jumapili kutoka Johannesburg, na nyuma ya maneno yake husikika cherehani cha mama: tak-tak-tak, kisha kinatulia anapogeuza kitambaa, kisha tak-tak-tak tena. Mlio huo ndio uliotulaza usingizi utotoni Kigoma. Jumapili ile nilisikia sauti yake peke yake.

"Daudi, mdogo wangu, wamenibadilishia kufuli. Cherehani cha mama kimo ndani. Usije, nakuarifu tu."

Dada akisema "usije" kwa sauti ile, unafunga begi. Nami sihitaji kusukumwa sana. Nimepita miaka arobaini bila kuota mizizi popote: nimeuza vitunguu Iringa, nimepaka mabasi rangi Arusha, nimelinda ghala Kitwe. Majirani husema miguu yangu ina pepo. Safari hii angalau pepo alikuwa na kazi ya kufanya.

Tunduma tulivuka asubuhi, katikati ya malori yaliyojipanga kama tasbihi. Zambia ilikuwa ndefu, kama kawaida yake. Zimbabwe niliipita nusu nikisinzia, nusu nikila mahindi ya kuchoma ya abiria mwenzangu. Beitbridge tulishuka kugongewa mihuri.

"Unakwenda kufanya nini?" afisa aliniuliza. Nikajibu kwa Kiingereza changu cha sekondari kwamba namfuata dada yangu, fundi cherehani.

Akalitazama shati langu. "Mwambie aanze na hiyo kola." Akagonga muhuri.

Johannesburg. Dada alikuwa amenielekeza kwa simu: nikitoka Park Station nitembee mpaka kwenye roboti ya pili, atanikuta hapo. Nilitembea nikitafuta mtu wa chuma. Nilipofika kwenye njia panda ya pili bila kuona kitu, nikamwuliza mama mmoja aliyekuwa akiuza ndizi.

"Samahani, roboti iko wapi?"

"Hiyo hapo juu yako," alisema akinyoosha kidole kwenye taa za barabarani. "Lakini imekufa. Eish, wameiba nyaya tena."

Nikasimama kumtazama marehemu. Taa hazikuwaka hata moja, wala polisi hakuwepo. Nilijiandaa kusikia vyuma vikigongana. Ajabu ni kwamba magari ya pande zote nne yalifika, yakasimama, kisha yakapita moja baada ya jingine. Gari la kifahari lilisubiri pikapu iliyobeba magodoro. Teksi iliyojaa abiria ilipiga honi, ila nayo ilisubiri zamu yake.

"Unashangaa nini kama mtalii?" Ilikuwa sauti ya dada nyuma yangu. Tukakumbatiana. "Umekonda, ungepita kwenye tundu la sindano."

"Nani anawapangia hawa?"

"Sheria. Roboti ikifa, kila mtu asimame, aliyetangulia kufika atangulie kupita. Twende, ukaone na mlango wangu uliokufa."

Joubert Park, mtaani kwa dada. Mlango wenyewe ulikuwa kwenye ujia wa chini wa jengo refu la vyumba, baina ya saluni ya wasusi wa Kikongo na duka la vifungo, zipu na nyuzi. Kufuli jipya liling'aa. Niliweka jicho kwenye ufa nikaona gurudumu la cherehani cha mama gizani, na kipande cha kitenge kikiwa bado chini ya sindano. Dada alikuwa ameondoka kwenda kununua bitana, akarudi akakuta amefungiwa. Kodi alikuwa amelipa. Mwenye jengo mpya alitaka tu kuunganisha vyumba vya chini viwe duka moja kubwa la simu, na wakala wake, ambaye wapangaji wote walimwita Bwana Funguo kwa ule mkungu wa funguo kiunoni, hakuwa na subira.

"Shikamoo!" mtu aliniamkia kutoka duka la vifungo. Nikageuka. Alikuwa Mchina wa umri wa baba yangu.

"Mzee, mimi ndiye wa kukuamkia wewe!"

"Marahaba. Nilikuwa nakupima." Akacheka mpaka macho yakapotea. Bwana Lin alikuwa ameuza chupa za chai Kariakoo miaka mingi kabla ya kuja huku, na Kiswahili chake kilikuwa cha Kariakoo kabisa. Alinipa kigoda na chai isiyo na sukari. Duka lake ndilo lililofuata kufungwa, kwa hiyo shauri la dada lilikuwa lake pia.

"Neno hilo shikamoo lingempendeza sana Konfusio, mwalimu wetu wa kale," alisema. "Babu yangu alinilea kwa mafundisho yake. Nchi haishikwi kwa fimbo. Mkubwa awe mkubwa kweli, mdogo awe mdogo kweli, kila mtu ajue heshima yake. Sheria peke yake humfundisha mtu kukwepa kukamatwa. Adabu humfundisha kuona haya."

"Haya!" alidakia mkewe, akimenya karanga kwenye ungo. "Mwenye haya angebadilisha kufuli mchana kweupe?" Mama Lin alikulia kwa watu wa Tao, wale Wachina wanaofundisha kuyaacha mambo yaende kama maji, na nilitambua mara moja kwamba wawili hawa walikuwa wakibishana hivyo tangu ujana wao. "Mtawala mzuri ni kama chumvi kwenye mboga. Ikiwa sawa, hakuna anayeitaja. Sheria zikizidi, wajanja nao huzidi. Mimi nilimwambia Yusta anyamaze, asisukume. Maji hayampigii mtu kelele, lakini siku moja unaamka unayakuta sebuleni."

Kumbe yote mawili yalikuwa yamekwisha kujaribiwa. Kwanza Bwana Lin na dada walimpelekea wakala pakiti ya chai iliyofungwa kwa karatasi nyekundu, wakaongea naye kwa unyenyekevu ili aone haya. Alipokea kwa mikono miwili, akasema, "Sharp sharp, mama," yaani sawasawa, akafunga ofisi. Baadaye dada akafuata ushauri wa Mama Lin. Aliazima cherehani kidogo, akakaa nacho nje kando ya barabara, akashona bila kusema neno. Wateja walimfuata. Bwana Funguo naye akafurahi kuona nafasi imebaki tupu, na siku niliyofika alikuwa amemleta fundi kupima sakafu kwa ajili ya vigae.

"Sasa wewe mwenyewe wataka nini?" nilimwuliza dada.

"Nataka mlango wangu. Mambo ya wazee wa China nawaachia Lin na mkewe."

Kesho yake tulikwenda kwenye ofisi ya msaada wa sheria. Wakili, msichana mwenye nywele fupi aitwaye Naledi, aliuliza swali moja tu la maana.

"Alikuwa na amri ya mahakama?"

"Alikuwa na kufuli," dada alijibu.

"Basi hana kitu. Hapa hata mwenye jengo hawezi kukutoa kwa mkono wake mahali unapokaa kwa amani. Kwanza mlango urudi ulivyokuwa, ndipo mbishane nani ana haki."

Nilimwomba arudie, nikadhani Kiingereza changu kimenidanganya. Kwetu watu hutania kwamba serikali ni siri kali. Nimezunguka nchi kadhaa nikifukuzwa kwenye vyumba na vibaraza, na sikuwahi kudhani kwamba kufuli nalo linaweza kuulizwa, "Umetumwa na nani?"

Siku ya mahakama tulikwenda sote. Bwana Lin alivaa tai. Mama Lin alibeba karanga. Wakili wa upande wa pili aliposimama alizungumza kwa upole, na upole wake ulitumaliza. Alisema hakuna aliyenyang'anywa. Mama huyu alikubali kuondoka. Alileta zawadi ya kuaga, pakiti ya chai. Hakulalamika hata mara moja. Tena alihamia nje kwa miguu yake na biashara yake ikaendelea.

Nilimtazama Bwana Lin. Alikuwa ameinamisha kichwa. Adabu yake ilikuwa imegeuzwa ushahidi, na kimya cha mkewe vilevile. Mama Lin aliacha kumenya. Nami nikaona gurudumu lile gizani, nikajua cherehani cha mama kinaondoka mikononi mwetu kwa heshima zote.

Naledi alijibu vizuri, ila hakimu alisema anataka kumsikia mwenye mlango. Mkalimani alikuwa mtu wa Bukavu. "Mama, sema polepole," alimnong'oneza, "Kiswahili chenu cha Tanzania kinakimbiaka."

Dada alisimama. Alikuwa amejishonea gauni la bluu kwa kile cherehani cha kuazima.

"Mheshimiwa," alisema, "leo tulipokuja hapa tulikuta roboti imekufa. Dereva wetu alisimama, akampungia mkono mwenzake apite. Hakupiga honi. Ile ilikuwa adabu, na kile kilikuwa kimya. Sasa yule aliyepungiwa mkono anaweza kushuka akasema, 'Huyu amesimama, amenipungia, hakupiga kelele, basi amenipa gari lake'?"

Mkalimani alitafsiri. Nyuma yangu mtu akacheka, akajifanya anakohoa.

"Chai nilipeleka kwa sababu nimelelewa," dada aliendelea. "Nilinyamaza kwa sababu sipendi ugomvi. Nilishona nje kwa sababu watoto wanakula. Nilisimama tu, Mheshimiwa. Kusimama si kutoa gari."

Hakimu, mama wa makamo mwenye miwani mikubwa, alimgeukia wakili wa upande wa pili. "Asubuhi hii nimesimama kwenye roboti mbili zilizokufa," alisema. "Nina hakika nimefika hapa na gari langu." Ukumbi mzima ulicheka. Kisha akaamuru mlango ufunguliwe siku ileile. Mkalimani hakungoja amalize sentensi. "Mama!" alipaza sauti, "mlango yako imerudi!" Akakaripiwa, akaomba radhi, akaendelea kutabasamu.

Joubert Park tena, alasiri. Habari ilikuwa imetutangulia. Wasusi wa Kikongo walitoka na vichwa vya wateja vilivyosukwa nusu. Bwana Funguo alikuja na mkungu wake, akajaribu ufunguo wa kwanza, ukakataa. Wa pili ukakataa. Kila ufunguo uliokataa ulipigiwa vigelegele, na msusi mmoja akamtania, "Papa, ujaribu na pakiti ya chai!" Hatimaye kufuli likafunguka. Hakuna aliyeingia. Tulimwacha dada atangulie.

Alipangusa vumbi kwa khanga, akakaa, akaweka mguu mahali mama alipokuwa akiweka wake. Tak-tak-tak. Kitenge kile kilichobaki chini ya sindano kikaanza kutembea kana kwamba dada alikuwa ameinuka tu kunywa maji. Nililia mbele za watu, na sijali.

Jioni, ubishi. Bwana Lin alidai ushindi ni wake, kwani hakimu alikuwa kiongozi mwenye utu, na utu wa kiongozi hushuka mpaka chini. Mama Lin alisema ni wake, kwa sababu dada alishinda bila kumsukuma mtu. Mimi nikasema ni wa Naledi na sheria yake. Dada alikuwa akirekebisha kola yangu, pini mdomoni.

"Nyinyi hamjasimama kwenye njia panda ile," alisema akizitoa. "Bila adabu, wa kwanza kufika angerukiwa. Na wote wakisukuma kwa pamoja, hapiti mtu. Ila siku anapokuja mwenye lori asiye na adabu wala subira, iko sheria ya kumwambia, 'Na wewe subiri.' Bila hiyo ya mwisho, chai yako Lin huliwa, na kimya cha mama hapa huitwa ndiyo."

Mama Lin alimsogezea ungo wa karanga. Kwake hiyo ilikuwa namna ya kukubali kushindwa.

Safari ya kurudi ilikuwa ileile, lakini dirisha lilikuwa jingine. Nilikwenda nikiamini kwamba nchi huongozwa na watu wakubwa walioko mbali. Nilirudi nikijua kwamba huongozwa pia pale gari kubwa linapousubiri mkweche. Tena nilijua kwamba mwanamke wa Kigoma anaweza kulisimamisha. Tunduma dereva wetu aliwapisha wenzake kwenye foleni nami nikawa abiria pekee aliyempigia makofi. Walinitazama kama mwehu.

Mbeya, Jumapili iliyofuata, ujumbe wa sauti uliingia. Nilisikia cherehani kabla ya kumsikia dada. Alikuwa akinisimulia habari za Bwana Lin, ambaye hajaguswa tena, alipokatizwa na sauti nzito ya mwanamume, iliyojaa haya na Kiswahili cha kuazima.

"Mama Yusta, shikamoo. Suruali yangu imechanika. Unaweza kuniwahishia?"

Kwa mbali nikamsikia Bwana Lin akipiga kelele, "Ameona haya! Nilisema!"

Ule mkungu wa funguo ulicheza kidogo, kisha ukatulia. Tak-tak-tak.

"Marahaba, baba," alisema dada yangu. "Karibu ukae. Watu wawili wametangulia kufika."