Siku Niliyotembea Juu ya Maji Diani

Mimi ni askari wa hoteli hapa Diani, na pia ni mwimbaji wa nyimbo za injili. Kazi ya kwanza inanilisha. Ya pili ndiyo niliyokuwa nikiwatajia wageni kabla hawajaniuliza. Nilikuwa nimetoa nyimbo kadhaa, na wasikilizaji wangu wakubwa walikuwa majirani wa Ukunda, ambao ukuta wetu mwembamba haukuwapa nafasi ya kukataa. Mwishowe mke wangu aliniambia waziwazi: "Baba watoto, toa wimbo huu mmoja. Ukidoda kama wenzake, utakuwa askari tu." Nilikubali upesi, maana sikuwa na shaka kwamba dunia ilikuwa ikiningoja.

Wimbo ulihusu kutembea juu ya maji. Siku ya kurekodi video yake bahari ilikuwa imekupwa, na mbali kidogo na ufuo palikuwa na fungu la mchanga lililofunikwa na maji ya kifundo cha mguu. Nikisimama pale, na mpiga picha akibaki ufuoni pamoja na wachezaji wangu wa densi, ningeonekana nimeikanyaga bahari. Nilivaa suti nyeupe ya kuazima, nikatia mfukoni simu iliyokuwa ikipiga wimbo, nikavuka. Nimezaliwa bara, lakini ufuo ule niliulinda kila siku, basi nikadhani mimi na bahari tunajuana.

Ukirekodi video, kamera ikishaanza, mdomo haupumziki. Ukiufunga, hautaoana na sauti ya studio na mtarudia tangu mwanzo. Ndiyo maana mama mmoja aliyekuwa akirudi kutoka kuvua pweza, fimbo begani, aliponipita na kusema, "Mwanangu, maji yanajaa, rudi nchi kavu," sikumjibu. Nilimtolea macho ya upako nikaendelea kupanua mdomo. Aliniangalia kwa huruma, akaenda zake.

Sikujua kwamba maji hujaa kwanza kati ya fungu na ufuo. Nilipogeuka, njia niliyojia haikuwepo. Maji yalipanda magotini, kisha kiunoni, na simu ikanyamaza katikati ya kiitikio. Sijui kuogelea. Niliinua mikono nikapiga mayowe. Ufuoni wachezaji wangu nao waliinua yao, wakayumba kushoto na kulia kama tulivyofanya mazoezi. Mpiga picha alinionyesha dole gumba. Hapo nililia, nikamwita Mungu bila vina wala kiitikio: nitoe, nitoe tu, nitakuwa askari maisha yangu yote.

Mke wangu peke yake ndiye aliyejua ile ni hofu. Alikuwa ameshika viatu vyangu. Nilimwona akivitupa na kumkimbilia yule mama. Mama aliingia tena majini taratibu, akipima njia kwa fimbo, akanishika mkono kama anayemvusha mtoto barabara.

"Sasa funga mdomo, mwanangu," akasema. "Utainywa bahari yote."

Video ilipendwa. Makanisani watu hutokwa na machozi wakifika pale ninapoinua mikono, wanasema upako ulishuka. Nimeitwa kuimba hadi Taru kule nyikani, na ile ahadi ya uaskari wa maisha hakuna anayeijua ila Mungu, naye amenyamaza. Mke wangu hanizuii tena. Ila kila nikishuka jukwaani, jasho likinitiririka na watu wakinishika mikono, yeye hunipa kitambaa na kuninong'oneza:

"Umeimba vizuri, Baba watoto. Lakini leo hukuomba."